Mtandao Upo, Faili Halishuki: Nani Hasa Amekukatalia?

Kijana aliingia na laptopu ikiwa wazi mikononi, skrini inawaka, kama mtu aliyebeba mtoto mwenye homa. Ilikuwa Ijumaa, saa tatu usiku, nami nilikuwa nimeshateremsha nusu ya mlango wa kibanda changu cha steshenari pale Magomeni, Mtwara mjini. Alikuwa ametoka Tandahimba mchana kwa kazi moja tu: kushusha video ya harusi ya dada yake. Mhariri yuko Dar es Salaam, ameipandisha kwenye tovuti ya kuhifadhia mafaili, ametuma linki. GB 4.7. Keshokutwa ukoo unakutana ukumbini kuitazama.

"Fundi, nimeshamaliza mabando mawili," akasema. "Inaniandikia muunganisho umeshindikana. Na mtandao si huu hapa?" Akafungua WhatsApp, akamtumia mama yake ujumbe wa sauti, tiki mbili zikatokea papo hapo.

"Kaa, mdogo wangu," nikamwambia, nikaupandisha mlango tena.

Nimelikuta tatizo hili mara nyingi mpaka nina msimamo nalo. Programu ya kushushia mafaili ikisema muunganisho umeshindikana, mara nyingi muunganisho haujashindikana hata kidogo. Ombi limefika, limebisha hodi, limejibiwa, ila jibu lenyewe halikuwa faili. Programu, kwa uvivu wa walioiandika, ikalikunja jibu hilo pamoja na majibu mengine kumi yasiyofanana ndani ya sentensi moja nyekundu. Mtu akiisoma sentensi hiyo anakimbilia kununua bando jingine, kubadilisha laini, kupanda juu ya paa na modemu. Angeuliza kwanza nani amemkatalia, na amemkatalia akiwa mlango upi, angelala mapema.

Ombi la faili lina vituo vyake. Kwanza kompyuta inauliza jina la tovuti lina anwani gani ya namba; hiyo ndiyo kazi ya DNS. Ikishaipata namba, inagonga mlango wa sava. Mlango ukifunguka, kompyuta inakagua cheti cha sava ili mazungumzo yawe ya siri. Hapo ndipo linatamkwa ombi lenyewe, nipe faili fulani, na sava inajibu kwa namba ya tarakimu tatu. Kila kituo kina aina yake ya kukataa, na kila aina ina namba.

Namba hizo programu nyingi za Windows huzificha, ama nyuma ya kitufe cha maelezo ama ndani ya faili la kumbukumbu. Zitafute. 12007 maana yake jina la tovuti halikupata anwani. 12029, anwani imepatikana lakini mlango haukufunguka. 12002 na 10060 ni ndugu: tumegonga, tumesubiri, kimya. 10054 ni mlango uliofunguliwa kisha ukabamizwa katikati ya mazungumzo. Na 10061 ndiyo inayodanganya watu kuliko zote, kwa sababu inafanana na kukosa mtandao wakati maana yake ni kinyume: mashine iliyogongwa ipo, iko hai, na imesema hapana palepale.

Mwalimu mmoja wa Mikindani aliniletea 10061 iliyomsumbua wiki nzima. Brauza inafungua kila kitu, programu ya kushushia haifungui hata ukurasa mmoja. Nilipoingia kwenye mipangilio ya programu, sehemu ya proksi, yaani mashine ya katikati inayopitisha maombi yako, nikakuta imeandikwa 127.0.0.1. Anwani hiyo ni kompyuta yako mwenyewe. Zamani aliwahi kuweka VPN iliyokuwa inapokea mawasiliano hapo ndani kisha kuyapeleka nje; VPN akaiondoa, anwani ikabaki. Kwa hiyo kila alipoomba faili, programu ilikuwa inagonga mlango wa chumba chake cha ndani ambacho hakina mtu. Nilifuta mstari mmoja. Hakuamini kwamba ndiyo ilikuwa kazi yote, na nadhani hadi leo anahisi nilimficha kitu.

Kuhusu 12007 sina mengi. Kama tovuti nyingine zinafunguka, jaribu kubadilisha DNS uweke 1.1.1.1 au 8.8.8.8. Ikigoma bado, angalia kama tovuti yenyewe ipo duniani. Nasema hivi kwa sababu linki za zamani huzunguka miaka kwenye makundi ya WhatsApp kama sarafu zilizokwisha thamani. Megaupload ilifungwa na serikali ya Marekani tarehe 19 Januari 2012. RapidShare ilijifunga Machi 2015, Zippyshare ikafuata Machi 2023. Mafaili yaliyokuwa humo hayashuki tena hata ukihamia chini ya mnara wa simu.

Faili la KB 84

Sasa turudi kwa kijana wetu. Nilimwomba anionyeshe kila kilichoshuka tangu asubuhi, na kwenye folda yake nikaona kitu ambacho yeye hakukitilia maanani. Kabla ya makosa mekundu, jaribio la kwanza kabisa lilikuwa "limekamilika". Faili lipo, jina ni lilelile la harusi, mwisho wake mp4. Uzito wake KB 84.

"Hili lilishuka sekunde moja," akasema, "ila halichezi."

Nikalibofya kwa kitufe cha kulia, nikalifungua kwa Notepad. Mstari wa kwanza ulianza na `<!DOCTYPE html>`, ukifuatiwa na rundo la maandishi ya tovuti. Nikashuka nayo taratibu, na katikati ya rundo kulikuwa na sentensi moja ya kibinadamu: faili hili ni kubwa mno kukaguliwa virusi, bofya hapa kama unataka kuendelea. Kijana alikuwa ameshusha ukurasa wa tovuti na kuuvisha jina la video.

Hili ndilo kosa ninalolikuta kuliko jingine lolote. Linki uliyotumiwa si linki ya faili. Ni linki ya ukurasa unaoeleza habari za faili, wenye kitufe, na nyuma ya kitufe ndiko kuna anwani halisi, ambayo mara nyingi hutengenezwa wakati huohuo unapobofya. Google Drive, kwa mfano, huweka ukurasa wa tahadhari ya virusi mbele ya mafaili makubwa. Binadamu akiuona anabofya na kuendelea. Programu haina macho. Inapokea kurasa zile, inahesabu baiti, inasema nimemaliza. Au ikiwa ilitegemea GB 4.7 na ikapewa KB 84, inachanganyikiwa na kuandika muunganisho umeshindikana.

Kuna jambo la pili hapo. Brauza yako inatambulika kule. Umeingia na akaunti, umebofya, umesubiri zile sekunde 30 za matangazo, na tovuti imekupa kuki, vijipande vya maandishi vinavyosema huyu tumeshamwona. Programu ya kushushia ikienda na linki tupu inafika kama mgeni asiye na kitambulisho, na jibu linakuwa 403, yaani nimekuelewa lakini sikupi. Dawa yake ni kuacha kunakili na kubandika. Weka kile kiongezi cha brauza kinachokuja na programu yako, anza kushusha ndani ya brauza kama kawaida, halafu kiongezi kikabidhi kazi kwa programu pamoja na kuki zake na anwani ya ukurasa uliotoka. JDownloader, programu nyingine ya kushushia, inakwenda mbali zaidi, ina maelekezo ya kila tovuti jinsi ya kupita kwenye kurasa zake, ndiyo maana ikikaa muda bila kusasishwa inaanza kugoma: tovuti zimebadilisha milango, yenyewe bado ina ramani ya zamani.

MEGA, tovuti nyingine ya kuhifadhia mafaili, ni kisa cha peke yake. Mafaili ya kule yamefungwa kwa ufunguo, na ufunguo unakaa ndani ya linki, baada ya alama ya #. Kinachofuata alama hiyo brauza haikipeleki kwa sava kabisa. Kinabaki kwako ili faili lifunguliwe kwenye kompyuta yako. Kwa hiyo programu isiyoijua MEGA haiwezi kukufaa hata linki ikiwa nzima, na mtu akikutumia linki iliyokatwa mkia, faili lipo lakini hakuna atakayelifungua, hata MEGA wenyewe.

Tokeni ya LUKU na saa mbili na nusu

Tukaanza upya. Brauza, kitufe, kiongezi, programu ikapokea. GB 4.7 zikaonekana zimeandikwa kamili, mstari ukaanza kutembea. Kipimo cha kasi kilionyesha kama megabiti 4 kwa sekunde, yaani nusu MB hivi kila sekunde. Piga hesabu: saa mbili na nusu na ushee. Nikaweka maji ya chai.

Ilipofika kama GB 1.9 mtandao ukayumba kidogo, nusu dakika tu, ukarudi. Mstari haukurudi. 403.

Anwani halisi ya faili, ile inayozaliwa ukibofya kitufe, tovuti nyingi huitia muhuri wa muda, na mara nyingine na anwani yako ya mtandao. Ifikirie kama tokeni ya LUKU, umeme wa kulipia kabla. Tarakimu 20 zile ni halali, umezilipia, lakini zinakubali kwenye mita yako tu. Ukimpa jirani, mita yake inazikataa. Ndivyo linki ya kijana ilivyo. Ilitolewa kwa anwani fulani, saa fulani, na baada ya muda wake haifunguliwi tena hata na mwenyewe.

Hapa pana ujanja ambao watu wengi hawaujui. Tokeni inakaguliwa mlangoni tu. Ukishaingia ndani, mara nyingi sava inakuacha uendelee kushusha mpaka umalize, hata muda ukiwa umepita. Tatizo ni pale unapotoka na kurudi mlangoni. Mtandao ukiyumba, programu inagonga upya ikiwa na tokeni iliyokwisha. Na hata mtandao usipoyumba, programu yenyewe ina tabia ya kufungua mikondo mipya, yaani njia nyingine za kupokelea faili lilelile, katikati ya kazi ili kugawana kilichobaki, na kila mkondo mpya ni hodi mpya. Ndiyo maana utasikia mtu anasema brauza ya kawaida imemaliza faili ambalo programu ya kisasa imelishindwa. Brauza ilibisha hodi mara moja.

Nina kinyongo kidogo na jambo hili. Mtu mwenye faiba ya megabiti 50 anashusha GB 4.7 kwa dakika kama 13. Kwake tokeni ya saa moja ni nyingi mno, hata hajui kama ipo. Kwa mwendo wetu wa usiku ule, saa moja ni GB 1.8. Aliyeweka kipimo kile hakumfikiria mtu wa Tandahimba. Sidhani alikuwa na nia mbaya, alipima kwa mtandao wa ofisini kwake.

Dawa ipo na ni rahisi, ila watu huikosa kwa hasira. Usifute kipande kilichoshuka. Nenda kwenye ukurasa uleule, bofya kitufe upate anwani mpya, kisha uiambie programu itumie hiyo kuendelea na faili lilelile. Kwenye IDM (Internet Download Manager), mojawapo ya programu hizi, unabofya jina la faili kwa kitufe cha kulia, unachagua kuhuisha anwani, inakufungulia ukurasa na kusubiri. Kijana alikuwa ameshapeleka kidole kwenye kitufe cha kufuta. Nikamshika mkono.

Makuli wanane

Programu hizi zinapataje nguvu ya kuendelea pale zilipoishia, na kwa nini zinasifiwa kwa kasi? Zinaomba faili kwa vipande. Badala ya kusema nipe faili, zinasema nipe kuanzia baiti namba fulani hadi namba fulani. Sava inayokubali utaratibu huo inajibu 206, maana yake hiki hapa kipande. Sava isiyokubali inajibu 200 na kukumwagia faili zima tangu mwanzo, na hapo kuendelea hakupo; mtandao ukikatika asilimia 97, unaanza sifuri. Programu nyingi hukuandikia mapema kama faili linaweza kuendelezwa au la. Ukisoma haliwezi, subiri alfajiri mnara ukiwa hauna watu.

Watu wa hapa wanajua ghala la korosho linavyopakuliwa. Ukituma kuli mmoja, anabeba gunia, anapeleka, anarudi. Ukituma wanane, kila mmoja na fungu lake la magunia, kazi inaenda mbio, hasa ghala likiwa mbali, kwa sababu muda mwingi unaliwa na safari ya kwenda na kurudi. Sava iliyoko Ulaya ni ghala la mbali. Kila mkondo hupeleka shehena kidogo, husubiri taarifa kwamba imepokelewa, ndipo hupeleka nyingine. Mikondo minane inasubiri kwa pamoja, kwa hiyo inafidia umbali. Hilo ni kweli na ndiyo siri ya kasi yote mnayoisikia.

Lakini mlangoni kuna mlinzi. Anaona vichwa vinane vyenye barua ya mtu mmoja, tena mtu asiyelipa. Tovuti nyingi za kuhifadhia mafaili huwapa watumiaji wa bure mkondo mmoja au miwili. Wa tatu akifika anajibiwa 429, maombi yamezidi, au 503, sina nafasi kwa sasa. Mlinzi mwingine hasemi kitu, anabamiza mlango tu, unapata 10054. Na programu, badala ya kushika adabu, inarudi kugonga kila sekunde chache, mpaka mlinzi anaandika jina lako kwenye daftari la wakorofi.

IDM inaweza kuwekwa hadi mikondo 32 kwa faili moja. Nimewahi kuwaona vijana wameipandisha huko wakijiona wajanja, kisha wanalalamika kila kitu kinakataa. Ushauri wangu: ukipata kosa lolote lisiloeleweka kwenye tovuti hizi, shusha hadi mkondo mmoja na uzime majaribio ya haraka, uweke yasubiri dakika moja au mbili. Likikubali, pandisha mbili, kisha nne. Zaidi ya nne sijawahi kuona faida kwa laini ya simu hapa Mtwara. Mnara wenyewe ndio umechoka, si ghala.

Kuna namba mbili zaidi za kufahamu. 416 maana yake umeomba kipande ambacho hakipo: ama faili la kule limebadilishwa na lingine dogo, ama lako limeshakamilika na programu haijui. Hapo tu ndipo ninaporuhusu kufuta na kuanza upya. Na 404 au 410 faili limeondolewa, mpigie aliyekutumia.

Sanduku la posta la shule

Usiku ule, baada ya kuhuisha anwani, tulijibiwa ujumbe wa ajabu: umemaliza kiasi chako cha leo, rudi baada ya saa kadhaa. Kijana akaruka. "Mimi? Sijashusha hata faili moja zima!"

Alikuwa mkweli, na tovuti nayo haikudanganya. Kila aliyesoma shule za Tanzania anajua S.L.P. ya shule. Wanafunzi mia nane, sanduku moja. Barua za wote zinaandikwa namba ileile, na mwalimu wa zamu ndiye anayegawa. Kampuni za simu zinafanya vivyo hivyo na anwani za mtandao. Anwani za mfumo wa zamani, IPv4, hazifiki bilioni 4.3 kwa dunia nzima, na zilishagawanywa. Kwa hiyo maelfu ya simu na modemu hutoka nje kwa kutumia anwani moja. Mwaka 2012 likatengwa fungu maalumu kwa kazi hiyo, kuanzia 100.64.0.0 hadi 100.127.255.255. Fungua ruta yako uangalie anwani yake ya upande wa nje. Ukikuta iko ndani ya fungu hilo, au inaanza na 10, basi unatumia sanduku la shule.

Tovuti ya mafaili inahesabu kwa anwani. Mtu mwingine, pengine yuko Masasi, pengine Nachingwea, ameshusha mchana kwa anwani hiyohiyo akamaliza kiasi cha bure cha siku. Wewe unafika usiku unakuta deni si lako.

Washa hali ya ndege kwenye simu kwa nusu dakika, izime. Mara nyingi unapewa njia nyingine ya kutokea. Ikishindikana, ingia na akaunti ya bure, kwa sababu baadhi ya tovuti zikikujua kwa jina zinakuhesabia peke yako. Lakini kumbuka tokeni ya LUKU: anwani yako ya nje ikibadilika, linki ya mwanzo imekufa, rudi ukurasani uchukue nyingine. Hili pia ndilo linaloua kazi ya wanaowasha VPN katikati. Walichukua linki wakiwa na anwani ya hapa, wakaenda kuitumia wakiwa na anwani ya Uholanzi. Ukiamua kutumia VPN, iwashe kabla ya kufungua ukurasa na usiizime mpaka mwisho, na ujue kwamba Oktoba 2023 TCRA, mamlaka ya mawasiliano Tanzania, ilitangaza kutaka watumiaji wa VPN wajisajili.

Tulifanya hali ya ndege mara mbili. Ya pili ikakubali. Linki mpya, mkondo mmoja, mstari ukaendelea kutoka GB 1.9.

Kabla hujamlaumu mtu wa mbali

Angalia saa ya kompyuta. Sitanii. Vile vyeti vinavyokaguliwa mlangoni vina tarehe ya kuanza na ya kuisha, na kompyuta iliyorudi mwaka 2009 kwa sababu betri yake ndogo ya CR2032 imekufa itaviona vyote kuwa bado havijazaliwa. Kompyuta za mezani zilizotumika, ambazo ndizo nyingi mjini, hufanya hivi kila umeme ukikatika. Na Windows 7 ambayo haikusasishwa ina shida zaidi: haina TLS 1.2, utaratibu wa mazungumzo hayo ya siri, iliyowashwa kwa kawaida, na baadhi ya vyeti vya mizizi inavyovijua, vile vinavyothibitisha vyeti vingine, vimeisha, kikiwemo kimoja maarufu kilichokwisha 30 Septemba 2021. Brauza yake inaweza kufungua tovuti kwa kuwa Firefox hubeba vyeti vyake yenyewe, huku programu ya kushushia inayotegemea Windows ikikwama. Antivairasi nazo huingilia mazungumzo haya. Izime kwa dakika tano ujaribu, kisha uiwashe.

Halafu zipo siku ambazo kweli ni mtandao, na hakuna cha kutengeneza. Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024 nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zilikatika, na Tanzania ikawa miongoni mwa nchi zilizobaki na intaneti ya kusuasua. Nyaya hizo zimetua Dar es Salaam, Seacom mwaka 2009 na EASSy mwaka uliofuata. Hata faili lililopandishwa Kariakoo mara nyingi huvuka bahari kwanza ndipo lirudi Mtwara. Siku ya kawaida ningemwambia mtu amwambie mhariri aweke fleshi kwenye bahasha, aipe basi la asubuhi, jioni iko stendi. Kwa GB nyingi basi hushinda laini ya simu. Lakini mwezi ule ule, wiki moja kabla, mvua za kimbunga Hidaya zilikuwa zimeikata barabara ya Dar es Salaam kule Somanga, Kilwa. Kwa hiyo mwezi ule kusini tulipoteza lami kwanza, kisha waya. Dalili ya siku kama hizo ni kwamba kila kitu kinakwama, hata WhatsApp. Kikikwama kimoja tu, rudi juu ukasome tena.

Video ilikamilika saa saba na robo usiku. Tulilinganisha ukubwa, baiti kwa baiti, na ulioandikwa kwenye tovuti, zikalingana. Tukaicheza mwanzo, katikati na mwisho. Dada yake akatokea akilia kwenye pambio la tatu.

Kijana akatoa fleshi ya GB 32, mpya, tupu. Akanakili. Kompyuta ikasema faili ni kubwa mno.

"Fundi," akasema kwa sauti ndogo, "si ina thelathini na mbili?"

Ilikuwa imefomatiwa FAT32, na mfumo huo haupokei faili moja linalozidi baiti 4,294,967,295 hata fleshi iwe na nafasi ya ghala. Nikaifomati upya kwa exFAT, ikanakili. Kisha nikakumbuka runinga ya ukumbi wenyewe, ya zamani, ambayo sikuwa na hakika kama inaisoma exFAT, nikamwazima na waya wa HDMI aichomeke laptopu moja kwa moja.

Aliurudisha Jumatatu pamoja na kifuko cha korosho za kubangua. Runinga kweli ilikuwa imeikataa fleshi. Waya ulifanya kazi, na video ilikata mara moja tu, umeme ulipozimika wakiwa kwenye keki.